Mlango wa wavu unaojibamiza: springi, bomba, chupa au ndala?

Upepo wa kusi ukishika, mtaa wetu hapa Tanga unausikia kabla hujaufika. Paa! Kimya kidogo. Paa! Ni milango ya wavu. Nyumba nyingi zina mlango wa mbao unaofungukia ndani, na mbele yake mlango mwepesi wa wavu wa mbu unaofungukia nje, umetiwa springi ndefu ili ujirudishe wenyewe. Mtoto akienda kuchota maji, paa. Akirudi, paa. Mwaka jana mwezi wa saba wetu ulijibamiza mpaka plasta ikabanduka pembeni mwa mwimo, na kichanga aliyelala chumba cha pili akaamka mara ya tatu mchana ule ule. Tangu hapo nimejaribu karibu kila kitu: vya dukani, vya fundi na vya kuokoteza.

Kimoja nakitoa mapema kwenye mashindano: jiwe. Kuuegesha mlango kwa jiwe ubaki wazi kunaleta utulivu, ndiyo, lakini basi wavu wa nini? Mbu wa malaria wanauma zaidi usiku. Wale wa dengi, waliowatesa watu wa Dar es Salaam mwaka 2014 na tena 2019, wanauma mchana. Hakuna saa ya kuuacha wazi. Tunachotaka ni mlango unaojifunga kila mara bila kumshtua mtu.

Kwanza ujue nani anaurusha

Nilianza kama wengi wanavyoanza: nikakimbilia duka la vifaa vya ujenzi na kurudi na pakiti ya vidude vya sponji. Fundi aliyekuja kuziba plasta akaniangalia navibandika, akacheka. "Kaka, hivyo vinaziba mdomo tu. Toa springi kwanza tuone mlango wenyewe unasemaje."

Tukaing'oa springi kwenye ndoano yake, tukafunga madirisha yote, tukaufungua mlango nusu na kuuachia. Ulisimama kidogo kama unawaza, kisha ukaanza kurudi taratibu bila mtu wala upepo. Fundi akatoa timazi yake, akaining'iniza mbele ya mwimo wenye bawaba. Uzi ulikuwa umeachana na mbao kwa karibu unene wa kidole pale chini. Mwimo umelala kuelekea upande wa komeo, kwa hiyo mlango ulikuwa unateremka mlima mdogo kila unapoachiwa.

Hapo ndipo nilipoelewa kwamba mlango hurushwa na mmoja kati ya watatu: mwinamo, springi au upepo. Mara nyingi wanashirikiana. Jaribio ni lile lile la fundi, hatua kwa hatua. Bila springi na madirisha yakiwa yamefungwa, ukienda wenyewe ni mwinamo. Rudisha springi ujaribu tena. Ukipiga kishindo sasa, mkosaji ni springi. Ukifunga kwa upole humo ndani ya utulivu na kuja kupiga kelele ukifungua dirisha la nyuma, ni upepo. Dakika kumi tu, na zinaokoa pesa, maana dawa ya upepo si dawa ya springi.

Mwinamo dawa yake ni ndogo. Legeza bawaba ya chini, chomeka kipande cha boksi nyuma yake, kaza tena. Kama mwimo umelala upande mwingine, boksi linakwenda nyuma ya bawaba ya juu. Lakini usikimbilie kuunyoosha kabisa. Mwinamo mdogo ndio mfungaji mpole kuliko wote, hauna chuma cha kushika kutu wala mpira wa kuchoka. Kwenye nyumba isiyo na upepo mkali unaweza kutosha peke yake. Ukienda kasi kidogo, toa pini ya bawaba, ilaze juu ya jiwe, igonge katikati kwa nyundo mara moja au mbili mpaka ipinde kidogo sana, irudishe. Itakuwa inakwaruzana na bawaba na kuushika mlango mkono. Hii haina gharama hata senti.

Springi dhidi ya bomba la hewa

Hapa ndipo wengi wanapokwama, kwa hiyo nitakaa hapa kidogo.

Springi ya kawaida, ile ndefu yenye ndoano mbili, kosa lake ni moja: haijui kuacha. Ukiufungua mlango inajivuta, ukiuachia inauvuta, na inaendelea kuuvuta hadi inchi ya mwisho. Mlango unazidi kushika kasi njia nzima. Nguvu yote uliyoitia wakati wa kufungua inarudi kwako mara moja, mwishoni, kama kishindo. Wavu unalegea, skrubu zinatoka, bawaba zinalia. Bibi yangu, anayetembea kwa mkongojo, alikuwa akipita mlango unamgonga kisigino. "Mlango huu unanifukuza, mjukuu wangu," aliniambia siku moja, na nilijua hatanii kwa sababu kisigino kilikuwa na kidonda.

Hata hivyo springi haina mpinzani kwa bei, fundi yeyote anaifunga kwa dakika tano, na ikikatika inapatikana kila mahali. Inaweza pia kutulizwa. Ndoano iliyopo mlangoni isogeze karibu na bawaba: kadiri inavyokaribia bawaba, ndivyo springi inavyokosa mkono wa kuuvutia mlango. Au ifunge ikiwa imelegea kidogo pale mlango unapokuwa umefungwa, ili shubiri ya mwisho mlango uende kwa mwendo wake tu, bila kuvutwa. Hasara ya njia hii ya pili unaiona haraka: mlango unaolegea hauzibi, unaacha upenyo wa kidole, na mbu haombi njia kubwa. Jawabu lake ni sumaku ya kabati, ile ndogo nyeupe au ya kahawia inayoshika milango ya makabati ya jikoni. Sumaku haina nguvu mbali. Inaunyakua mlango pale tu unapofika, tik, na kuushikilia. Springi dhaifu pamoja na sumaku moja ni ndoa nzuri ambayo sijui kwa nini watu hawaifungi mara nyingi zaidi.

Kuna pia ndugu wa springi, mpira wa manati: utepe uliokatwa kwenye tyubu ya baiskeli. Fundi baiskeli atakupa bure. Unavuta kwa upole kuliko chuma na haulii. Ila jua linaula. Wa kwangu ulianza kupasuka pembeni baada ya miezi michache, ukakatika siku ya wageni.

Bomba la hewa ni kitu kingine kabisa. Ukiliona dukani utadhani ni pampu ya baiskeli iliyopotea njia: silinda nyembamba ya chuma, fimbo inayotoka upande mmoja, skrubu ndogo upande wa pili. Ndani kuna springi na pistoni. Ukiufungua mlango, fimbo inavutwa nje na springi inabanwa. Ukiuachia, springi inataka kuirudisha pistoni, lakini mbele yake kuna hewa iliyofungiwa, na hewa hiyo haina pa kutokea ila tundu dogo linalolindwa na ile skrubu. Kwa hiyo mlango unalazimika kwenda kwa mwendo wa hewa inavyotoka. Ukiweka sikio karibu unaisikia: ssssss. Springi inausukuma, hewa inauzuia. Tofauti yote iko hapo, na ndiyo maana kwa mlango unaotumika kutwa mimi nasimama upande wa bomba.

Sasa ubaya wake. Ghali kuliko springi mara kadhaa. Linataka skrubu zishike kweli, na milango mingi ya wavu imetengenezwa kwa mbao nyembamba au alumini tupu kama karatasi. Nyuma ya kishikizo weka ubao wa kushikia, au bati nene, la sivyo siku ya upepo linang'oka na kipande cha fremu. Fimbo ikipinda, bomba limekwisha, na kinachoipinda ni upepo kuutupa mlango nje kupita urefu wa fimbo. Dawa ya hilo ni mnyororo mfupi, juu ya mlango, unaoukamata kabla fimbo haijafika mwisho. Mnyororo usisahau. Mimi niliusahau, nikanunua bomba la pili.

Halafu kuna kile kipete kidogo cha bati kwenye fimbo, cha kuushikilia mlango wazi unapopitisha magunia. Watoto wanakijua kabla yako. Nilikitoa, nikakiweka droo ya visu.

Na hapa pwani chumvi ya bahari haimwachi mtu. Fimbo inaanza vidoa vya kahawia kabla mwaka haujaisha. Ifute kwa kitambaa chenye tone la mafuta ya cherehani, kisha ifute tena kwa kikavu; ukiiacha na mafuta inakusanya mchanga, na mchanga ndio unaoua mpira wa pistoni.

Klosa ya mafuta na bawaba za springi

Klosa ni ile ya maofisini, kiboksi kizito juu ya mlango chenye mkono uliokunjwa kama kiwiko. Badala ya hewa kuna mafuta, na skrubu ni mbili: moja ya mwendo mkuu, moja ya ile hatua ya mwisho ya kuingia kwenye komeo. Kwa ulaini haina mshindani. Kwa mlango wa wavu, hata hivyo, ni ng'ombe wa kukokotea kikapu. Klosa hupangwa kwa nguvu, kwa vipimo vya Ulaya kuanzia 1 hadi 7, na mlango wetu mwepesi unataka 1 au 2. Ukichukua yenye nguvu zaidi kwa sababu ni nafuu siku hiyo, mtoto hatauweza mlango na fremu itapinda. Inafaa kwenye mlango wa wavu uliochomelewa pamoja na grili ya chuma. Huo una uzito wa kuistahili. Usiifungue skrubu hadi itoke, mafuta yatamwagika, na klosa iliyoanza kuvuja haina kazi tena.

Bawaba za springi zinapendeza macho kwa sababu hazionekani. Unatoa bawaba za kawaida, unaweka hizi, na ukali wake unapunguzwa kwa kuzungusha kichwa cha bawaba na kuchomeka pini kwenye tundu jingine. Lakini ni springi ile ile iliyojificha, kwa hiyo kishindo ni kile kile ila cha kistaarabu kidogo. Kwa pwani chagua zisizoshika kutu au usinunue kabisa.

Chupa na kapi

Hiki sikukinunua popote. Nilikiona kwenye geti la banda la kuku, nikakinakili.

Unafunga kamba juu ya mlango upande wa komeo, unaipitisha kwenye kapi dogo lililopigiliwa ukutani upande huo huo wa komeo, na mwisho wake unaning'iniza chupa ya maji ya lita moja na nusu. Ukifungua mlango chupa inapanda. Ukiuachia inashuka na kuurudisha. Uzuri wake kwa springi ni kwamba uzito ni ule ule njia nzima, wakati springi inavuta kwa hasira zaidi kadiri unavyoifungua. Na unaupima utakavyo: mlango ukienda kasi, mwaga maji kidogo, ukishindwa kufika, ongeza. Lita moja ni kilo moja, hesabu haihitaji fundi. Wetu ulitulia chupa ikiwa na kama theluthi mbili.

Hasara? Upepo unaibembeza chupa na inagonga ukuta, tok tok tok, usiku kucha, mpaka uipitishe ndani ya kipande cha bomba la plastiki. Kamba ya nailoni inakatwa na jua. Paka anaipenda. Na shemeji alipokuja kututembelea aliuliza kama nyumba imegeuka pagala. Nikaiondoa sebuleni, lakini iko mlango wa nyuma, wa jikoni, mpaka leo.

Vya kuziba mdomo: ndala, mpira na sponji

Turudi kwenye pakiti yangu. Fundi alisema kweli kwamba hivi haviuzuii mwendo, vinapokea kishindo tu. Hilo si dharau. Kama springi umeshailegeza na bado kuna mgongano mdogo, ndipo vinapofaa.

Sponji yenye gundi ilidumu wiki tatu. Vumbi na joto viliila gundi, nikawa naokota vipande kwenye ufagio. Vile vidoti vya plastiki angavu vilikaa zaidi, lakini ni vyembamba mno kwa mlango unaorushwa na kusi. Kilichoshinda ni kipande cha ndala. Kata ukanda wa upana wa vidole viwili kwenye soli ya ndala iliyokufa, upigilie kwa misumari midogo kwenye mwimo, mmoja juu, mmoja katikati, mmoja chini, vichwa vya misumari vikizama ndani ya mpira ili visigongane na fremu. "Paa" inageuka "buf". Zingatia tu unene: ukizidisha, komeo halifiki na mlango unabaki umechungulia. Soli iliyochakaa upande wa kisigino, ambako imekwisha nusu, ndiyo inayofaa. Ya mbele ni nene mno.

Pazia la wavu lenye sumaku katikati nalitaja kwa sababu litatajwa na muuzaji. Halina mlango, kwa hiyo halina kishindo. Kwenye korido ya ndani ni zuri. Mlango unaotazama bahari, upepo unalifungua kama mtu aliyekuja bila hodi.

Upepo wenyewe

Kama jaribio limekuonyesha ni upepo, hapa ndipo uanzie, kabla ya duka. Upepo unaubamiza mlango kwa sababu unapita: unaingia huku, unatokea kule. Funga dirisha lililo mkabala na mlango, au liache wazi kwa upana wa mkono tu, na utaona mlango unapoa. Halafu uoshe wavu. Sitanii. Wavu wenye vumbi la miezi na moshi wa jikoni haupitishi hewa, unageuka tanga, na upepo ukiongezeka mara mbili kani yake inaongezeka mara nne. Brashi laini, maji ya sabuni, pande zote mbili. Baada ya kuuosha wetu, ule mlango ambao ulikuwa ukirushwa kila alasiri ulianza kurushwa siku za upepo mkali tu.

Kwa hiyo uchukue kipi?

Nyumba ya kupanga, ambako mwenye nyumba hataki tundu jipya ukutani: sogeza ndoano ya springi, pigilia ndala. Sumaku ikiwezekana.

Nyumba yenye mzee, mgonjwa au watoto wanaoacha vidole mlangoni: bomba la hewa, na mnyororo wake, hata kama itabidi kusubiri mwisho wa mwezi. Springi hapo naikataa kabisa. Mlango mzito wenye grili: klosa ya mafuta. Mlango wa uani, wa jikoni, wa banda: chupa, na usijali shemeji atasema nini. Mwenye duka au mgahawa, ambako watu wanaingia na kutoka mikono imejaa, bawaba za springi zinazokwenda pande mbili zinasaidia kuliko vyote, mradi ukubali zitabembea kidogo kabla ya kutulia.

Wapo pia wanaokitaka kishindo. Jirani yangu hataki kusikia habari za bomba. Anasema "paa" ndiyo hodi ya watoto wake; asipoisikia mara nne jioni anajua kuna mmoja bado yuko barabarani.

Ukilifunga bomba mwenyewe

Mlango ukiwa umefungwa, funga kwanza kishikizo cha mwimoni upande wa bawaba, laza bomba usawa kabisa, kisha vuta fimbo nje kidogo, milimita sita hivi, ndipo uweke alama ya kishikizo cha mlangoni. Hizo milimita sita ndizo nguvu za mwisho za kuusukuma mlango ndani ya komeo. Ukizisahau mlango utakuwa unafika na kusimama kama mgeni mwenye haya. Baada ya hapo ni bisibisi na subira. Kwenye mabomba niliyoyatumia, ukiikaza skrubu mlango unapunguza mwendo, ukiilegeza unaongeza. Robo mzunguko, jaribu, robo nyingine, jaribu.

Usimalize kazi asubuhi hewa ikiwa imetulia. Mimi niliiacha saa tatu ikifunga kama hariri, saa tisa alasiri kusi likaurusha tena, nikaongeza robo. Sasa nimeweka nukta ya rangi ya kucha kwenye skrubu na nyingine kwenye bomba, mahali zinapokutana wakati wa kusi. Ikifika Desemba kaskazi inapita ndani ya nyumba na kuusukuma mlango wetu nje, unachoka kabla ya komeo. Nailegeza nusu mzunguko, na mwezi wa tano nukta zinarudi kukutana.